Leseni ya duka la chakula ikitishiwa kufutwa: namna ya kudai usikilizwe kabla ya uamuzi

"Nimefungiwa duka, nifanye nini?" Swali hili hunijia karibu kila wiki, na mara nyingi huja siku ambayo muda wa kujibu umeshapita. Muulizaji huwa na duka la unga na mchele, au bucha, au kibanda cha chapati na maharagwe, na hadithi haibadiliki sana. Afisa wa kaunti alikuja, wakarushiana maneno, karatasi ikaachwa mezani au ikabandikwa mlangoni. Mwenye duka akakimbilia ofisini kuomba msamaha kwa mdomo. Aliporudi hakuwa na karatasi hata moja ya kuonyesha kwamba aliwahi kujitetea.

Mwongozo huu ni wa Kenya. Wa Tanzania nimewawekea maneno machache karibu na mwisho.

Sheria yenyewe ni fupi. Ibara ya 47 ya Katiba ya 2010 inampa kila mtu haki ya kutendewa na ofisi za umma kwa haraka, kwa mujibu wa sheria na kwa utaratibu wa haki, na kupewa sababu kwa maandishi pale haki yake inapoguswa. Bunge likaifafanua ibara hiyo kwa sheria Na. 4 ya 2015, iitwayo kwa Kiingereza Fair Administrative Action Act. Likariri jina hilo jinsi lilivyo, maana ndilo utakaloliandika kwenye barua zako. Humu nitaiita Sheria ya 2015.

Kabla ya kuanza, uwe na vitu hivi:

- Leseni ya kaunti ya mwaka huu na ya miaka iliyopita ukiwa nazo, pamoja na risiti za malipo.
- Vyeti vya afya vya kila anayeshika chakula dukani, na cheti cha mizani kama unauza kwa kupima.
- Risiti za msambazaji wa bidhaa zinazolalamikiwa.
- Karatasi uliyopewa na afisa, hata kama ni kipande kilichochanwa kwenye kitabu.
- Daftari moja. Andika humo kila tarehe, kila jina la afisa na kila neno la maana uliloambiwa. Andika siku hiyo hiyo, usingoje wiki ijayo.
- Simu ya kupiga picha na pesa kidogo za fotokopi.

Wakili ni mzuri ukimpata. Lakini hatua sita za mwanzo unaweza kuzifanya mwenyewe, kwa Kiswahili, bila kumlipa mtu.

1. Jua umepewa karatasi gani

Watu huita kila karatasi "notisi", na hapo ndipo wanapopotea. Kuna onyo, linalokutaka urekebishe jambo. Kuna notisi ya kujieleza, inayokuuliza kwa nini leseni isifutwe. Kuna amri ya kusimamisha biashara kwa muda. Kuna barua ya kufuta. Halafu kuna ile ya kukataa kuhuisha leseni mwaka mpya, ambayo wengi huipokea kimya wakidhani kwamba leseni imeisha tu na hakuna cha kudai. Si hivyo. Ikiwa umekuwa ukihuishiwa mwaka baada ya mwaka, una matarajio halali kwamba hutakataliwa bila sababu, na kifungu cha 7 cha Sheria ya 2015 kinayatambua matarajio hayo.

Tafuta mambo manne kwenye karatasi: kosa gani, kifungu gani cha sheria au sheria ndogo ya kaunti, hatua gani inayokusudiwa, na siku ya mwisho ya kujibu. Lisilokuwepo liandike daftarini. Kila pengo ni hoja yako baadaye. Notisi inayosema "umekiuka masharti ya leseni" bila kutaja sharti lipi haijakuambia kitu cha kujibu.

2. Funga tarehe

Andika juu ya nakala yako (usiguse ile halisi) siku na saa uliyoipokea na aliyekuletea. Iliyobandikwa mlangoni ipige picha ikiwa bado mlangoni, duka likionekana. Mabishano mengi ya baadaye huhusu kama ulikuwa na siku tatu za kujibu au saa nne.

3. Omba nyaraka kabla ya kujitetea

Kama una nguvu ya kufanya hatua moja tu kwa umakini, iwe hii. Kifungu cha 4(3) kinaitaka ofisi ikupe taarifa na ushahidi itakaoutegemea. Huwezi kujibu ripoti ya ukaguzi ambayo hujaisoma, wala lalamiko la "mteja mmoja" asiyejulikana alisema nini na lini. Andika barua kama hii:

KUH: LESENI NAMBA ____, NOTISI YENU YA TAREHE ____

Nimepokea notisi hiyo tarehe ____. Ili niweze kuijibu, naomba nipewe: nakala ya ripoti ya ukaguzi, nakala ya kila lalamiko lililoandikwa dhidi yangu, ripoti ya maabara ikiwa sampuli ilichukuliwa, pamoja na karatasi inayoonyesha ilichukuliwa lini na nani, na picha zilizopigwa dukani. Naomba pia niambiwe ni kifungu kipi ninachodaiwa kukivunja na ni hatua gani mnayokusudia kuchukua. Ninaomba haya chini ya kifungu cha 4(3) cha Fair Administrative Action Act ya 2015 na Ibara ya 35 ya Katiba.

Peleka nakala mbili. Moja inabaki kwao, ya pili igongwe mhuri wa "imepokelewa" ukiwa umesimama pale pale. Barua isiyo na mhuri ni kama hukuiandika. Na usikubali kuambiwa urudi na barua ya Kiingereza: sheria ya 2016 ya kupata habari inasema wazi kwamba ombi laweza kuandikwa kwa Kiingereza au kwa Kiswahili, na inaipa ofisi siku 21 kujibu.

Angalizo: kuomba nyaraka hakusimamishi saa ya notisi. Siku ya mwisho ikikukuta bado hujapewa, peleka jibu fupi linalokana tuhuma, useme kwamba nyaraka ulizoziomba tarehe fulani hujazipata, na kwamba utaongeza utetezi ukizipata. Ukikaa kimya ukingoja, itaandikwa kwamba ulipewa nafasi ukaitupa.

4. Omba muda kama notisi ni fupi mno

Sheria haitaji idadi ya siku. Inasema notisi iwe ya kutosha, na ya kutosha hutegemea uzito wa jambo. Saa 24 za kusafisha sakafu zinaweza kutosha. Saa 24 za kujitetea dhidi ya kufutiwa leseni uliyoishi nayo miaka tisa hazitoshi. Kifungu cha 4(4) kinakuruhusu kuomba kuahirishwa, kwa hiyo omba kwa maandishi, utaje siku unazotaka na sababu yake: "Naomba siku 7 kwa kuwa msambazaji wangu yuko Eldoret na risiti ziko kwake." Ukiomba "muda zaidi" bila kutaja siku, unakataliwa kirahisi.

5. Andika utetezi, tuhuma moja baada ya nyingine

Chora safu tatu kwenye karatasi ya rasimu: walichosema, jibu langu, ushahidi wangu. Ukishaijaza, utetezi unakuwa umejiandika nusu.

Tuseme wamesema mizani haina mhuri wa mkaguzi wa vipimo. Jibu: mizani ilikaguliwa tarehe fulani, cheti ni kielelezo cha 2, na mhuri uko upande wa chini kama picha ya kielelezo cha 3 inavyoonyesha. Wamesema walikuta pakiti 14 za unga uliopita tarehe. Je, ni kweli? Kama ni kweli, kubali. Kisha eleza: zilikuwa zimetengwa kwenye katoni la kurudishiwa msambazaji, na hii hapa karatasi yake ya marejesho. Kama hazikuwa zimetengwa, kubali hilo pia, sema ulichofanya tangu siku hiyo, na uombe adhabu nyepesi kuliko kufutiwa. Adhabu isiyolingana na kosa ni mojawapo ya misingi ambayo mahakama hutengua uamuzi.

Niseme jambo ambalo wengi hawapendi kulisikia. Wapo wanaojifunza kidogo juu ya haki ya kusikilizwa, kisha utetezi wao wote ukawa ni kulalamikia utaratibu: notisi haina tarehe, afisa hakuvaa kitambulisho, mhuri umekaa vibaya. Taja dosari za utaratibu, na uzitaje mwanzoni, lakini usiishie hapo. Ukishinda kwa utaratibu pekee, kawaida jambo hurudishwa ofisini likaanzwe upya, safari hii kwa karatasi zilizonyooka. Usipokuwa na jibu la ule unga uliopita tarehe, umenunua miezi michache tu.

Karo ya watoto na deni la benki viweke mwishoni, kwa sentensi moja. Si kwamba havina uzito, ila mwamuzi akianza kusoma kilio hafiki kwenye vielelezo.

6. Siku ya kusikilizwa

Fika mapema na nakala tatu za kila kitu. Kifungu cha 4(4) kinakuruhusu kuja na mtaalamu unayemchagua, basi kama ugomvi ni wa sampuli ya maziwa au nyama, mtu anayejua maabara atakufaa kuliko binamu mwenye sauti kubwa.

Jambo la kwanza, uliza kwa heshima: "Naomba kujua, mwenye kuamua ni nani?" Ikiwa aliyekagua duka ndiye ameketi kwenye kiti cha mwamuzi, sema pale pale kwamba unapinga, na uombe pingamizi liandikwe. Ukinyamaza ukasubiri uone kama utashinda, baadaye utaambiwa ulikubali mwenyewe.

Jambo la pili, waulize maswali waliotoa ushahidi dhidi yako. Haki hiyo iko kwenye sheria, lakini hakuna atakayekukumbusha. Uliza mafupi, ambayo jibu lake unalijua: Uliingia saa ngapi? Nani alikuwepo? Sampuli uliifunga mbele ya nani? Usigombane. Mama mmoja niliyemsindikiza, mwenye duka la nafaka, alikuwa na maswali matatu tu kwenye karatasi. La pili lilikuwa, "Gunia ulilopiga picha lilikuwa na jina la nani?" Afisa akafungua simu, akakuta gunia ni la duka la jirani. Hilo lote lilichukua dakika kumi, baada ya wiki tano za barua.

Jambo la tatu, kabla hujatoka omba muhtasari wa kikao. Wakikataa, ukifika nyumbani andika wako, upeleke ofisini kwa barua: "Hivi ndivyo ninavyokumbuka kikao cha tarehe fulani, kama kuna kosa naomba mnisahihishe." Gongesha mhuri.

7. Dai sababu za uamuzi

Ukiletewa barua ya mstari mmoja, "leseni yako imefutwa", bado hamjamalizana. Omba sababu kwa maandishi chini ya kifungu cha 6. Ofisi ina miezi 3 ya kujibu. Isipojibu, mahakama huchukulia kwamba hatua ilichukuliwa bila sababu nzuri mpaka ofisi ithibitishe vinginevyo. Karatasi chache zina nguvu kama barua hii ya kuomba sababu, na watu wengi hawaiandiki.

Ila usikae ukihesabu miezi hiyo mitatu huku saa ya rufaa inakwenda. Barua ya kuomba sababu na rufaa zinaweza kwenda siku moja.

8. Rufaa ya ndani kwanza, mahakama baadaye

Soma sheria iliyotajwa kwenye barua uone rufaa inakwenda kwa nani: kamati, afisa wa juu, au baraza maalumu. Kifungu cha 9 kinaizuia mahakama kukusikiliza kabla hujamaliza njia za ndani, isipokuwa ukiomba ruhusa na kuonyesha kwamba hali yako si ya kawaida. Kesi nyingi zenye hoja nzuri hutupwa kwa hili tu.

Kwenye rufaa omba mambo mawili: uamuzi utenguliwe, na utekelezaji usimame mpaka rufaa isikizwe. La pili ndilo husahaulika. India inafundisha kitu hapa. Kule serikali huwagawia wenye kadi mchele na ngano kupitia maduka ya mgao zaidi ya 500,000, na ugomvi wa leseni za maduka hayo haukauki mahakamani. Amri ya serikali kuu ya 2015 inampa aliyefutiwa siku 30 za kukata rufaa, inakataza rufaa kuamuliwa bila mrufani kusikilizwa, na inamruhusu mwamuzi kusimamisha utekelezaji kwanza. Ni kwa sababu wanajua kinachotokea wasipofanya hivyo: duka hupewa mtu mwingine, na leseni yako ikirudi unakuta ana wateja wako.

Sambamba na rufaa unaweza kulalamika bila malipo kwa Ombudsman, yaani tume inayopokea malalamiko dhidi ya ofisi za umma, hasa pale ofisi inapokataa kukupa nyaraka au kujibu barua. Usimfanye yeye badala ya rufaa.

Njia za ndani zikiisha, ni Mahakama Kuu. Hapa tafuta wakili, au uliza huduma ya taifa ya msaada wa kisheria, iliyoanzishwa na sheria yake ya 2016. Muda wa kuomba uamuzi utenguliwe kwa amri ya jadi ya mahakama (iitwayo certiorari) ni miezi 6, lakini Sheria ya 2015 inakutaka usichelewe bila sababu, kwa hiyo mimi nakwambia usivuke hata miwili. Ombi likishawasilishwa, sheria inataka liamuliwe ndani ya siku 90. Usishangae likizidi.

Utasikia upande wa pili ukisema: "Hata angesikilizwa, uamuzi ungekuwa ule ule." Mahakama ya Rufaa ilishalijibu hilo miaka ya 1980, katika kesi ya Onyango Oloo dhidi ya Mwanasheria Mkuu: uamuzi uliovunja kanuni za haki asili, kama hii ya kusikilizwa, hauponi kwa kusema kwamba ungekuwa sahihi hata hivyo.

Mambo yakienda mrama

*Karani anakataa kupokea barua.* Usibishane. Itume kwa barua pepe ya ofisi na kwa posta ya rejista, utunze stakabadhi, na uandike daftarini siku na saa uliyokataliwa. Ukiwa na shahidi, jina lake pia.

*Barua inasema "ulisikilizwa" kwa kuwa ulizungumza na mkaguzi dukani.* Mazungumzo ya mlangoni na mtu asiye na mamlaka ya kufuta leseni, kabla hujajua tuhuma, si kusikilizwa. Jibu kwa maandishi ndani ya siku mbili tatu, useme hivyo.

*Wamefunga kwanza, wakasema watanisikiliza baadaye.* Pakiwa na hatari ya kweli kwa afya, kwa mfano kipindupindu au nyama isiyopimwa, kufunga kwanza kunaweza kuwa halali. Lakini kuwe kwa muda, na kusikilizwa kufuate upesi. Andika ukiomba tarehe ya kikao. Wiki mbili zikipita kimya, andika tena na unakili kwa Ombudsman.

*Afisa anataka "tuongee pembeni".* Usilipe. Achilia mbali kwamba ni kosa la jinai kwako pia, ukishalipa umekiri, na mwezi ujao atarudi.

*Niko Tanzania.* Msingi wenu ni Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba, inayotaja "fursa ya kusikilizwa kwa ukamilifu" pamoja na haki ya kukata rufaa. Hatua ya 1 hadi ya 6 zinafaa karibu zote, ila taja ibara hiyo badala ya Sheria ya 2015. Mahakamani mnaanza kwa kuomba kibali ndani ya miezi 6 tangu uamuzi, na kibali kikitolewa mna siku 14 tu za kuwasilisha maombi yenyewe, kwa hiyo wakili awe tayari kabla ya kibali.

*Nilisikilizwa vizuri, nikashindwa, na kosa kweli nilikuwa nalo.* Soma barua uone kama umezuiwa kuomba tena na kwa muda gani. Rekebisha, omba ukaguzi mpya kwa maandishi, kisha wasilisha ombi jipya la leseni ukiambatanisha ripoti ya ukaguzi huo juu kabisa, mbele ya fomu.